Ndoto na Uthibitisho Wake
Wapo wanaodai kwamba hesabu yaweza kumvusha mtu kutoka ulimwengu mmoja wa ndoto hadi mwingine. Tusiharakishe kuwacheka. Srinivasa Ramanujan, karani wa bandari ya Madras nchini India, alisema kwamba mungu wa kike Namagiri alikuwa akimfunulia kanuni usingizini. Mwaka 1913 alimwandikia G. H. Hardy wa Chuo Kikuu cha Cambridge, naye Hardy akadai uthibitisho. Kanuni nyingi zilisimama, baadhi zilianguka.

Hapo ndipo lilipo funzo. Ndoto ni ya mwenyewe, bali hesabu ni ya wote. Msafiri wa ndotoni na aheshimiwe, lakini mzigo aliorudi nao sharti ufunguliwe na kupimwa hadharani.