Bunia: Kabla ya kuhukumu kalkilatere, pima kwanza nyaya zake

Gari inafika garaji ya Bunia ikivutwa kwa kamba. Ukiweka kontakti taa zinawaka, demarere inazunguka, lakini motere haishiki. Mara nyingi hukumu inatoka haraka: kalkilatere imekufa. Mwenye gari anatafuta dola, anaagiza ingine iliyotumika kutoka Kampala, inafungwa, na gari inabaki kimya vilevile.

Kalkilatere ndiyo kisanduku kinachoamuru mafuta na cheche. Bila umeme na masi nzuri, hata iliyo nzima haifanyi kitu. Kwenye Toyota nyingi za essence, mchoro wa fishi zake unaonyesha BATT, umeme wa batri usiokatika, +B, umeme unaokuja ukiweka kontakti, E1, masi, na VC, volti 5 zinazoenda kwa kaptere. Volti hizo 5 zikikosekana, chomoa kaptere moja moja huku ukipima. Moja tu iliyoungua inaweza kuziangusha, na lawama ikaenda kwa kisanduku.

Masi ndiyo inasahauliwa zaidi. Vumbi ya barabara ya Mahagi, matope, maji ya kuoshea motere: bulo inashika kutu, pini inageuka kijani. Waya inaonekana nzima kwa macho, lakini umeme haupiti vizuri.

Halafu kuna kosa la kuhesabu pini. Kuna michoro inayoonyesha fishi upande wa mdomo, na mingine upande nyaya zinakoingilia. Ukigeuza fishi mkononi, pini ya kushoto inakuwa ya kulia. Fundi asiyeangalia hilo anaweza kupeleka volti 12 kwenye pini ya kaptere, na hapo kalkilatere inakufa kweli. Rangi ya waya ilinganishwe na mchoro kabla ya kugusa.

Fishi ya uchunguzi iliyo chini ya usukani ni rahisi zaidi. Marekani iliilazimisha kwa gari za mwaka 1996 na kuendelea: pini 16, ambapo ya 16 ni umeme wa batri, ya 4 na ya 5 ni masi. Kwa gari zinazotumia mtandao wa CAN, ukitoa batri na kupima kati ya pini 6 na 14, utapata karibu ohm 60. Ukipata 120, mara nyingi waya imekatika mahali fulani.

Na kama kisanduku kimekufa kweli, namba ya kile kipya ilingane na ya zamani kabla pesa haijatoka. Gari ikiwa na ufunguo wenye chipu, kisanduku kigeni kinaweza kuukataa, na motere isishike.