Sinema za Vita na Akili ya Mfanyakazi

Uingereza ilipoingia vitani Septemba 1939, ilihitaji mikono mingi viwandani, na wenye mikono hiyo walitaka kujua wanatumikia nini. Kwa hiyo tangu mwaka 1940 Wizara ya Habari ilitoa sinema za dakika tano, zikaonyeshwa bure katika majumba ya sinema. Mahali pasipokuwa na jumba, gari lilipeleka mashine ya kuonyeshea mpaka kijijini, au kiwandani saa ya chakula.

Tazama "Night Shift" ya mwaka 1942. Ni wanawake wa kiwanda cha silaha huko Wales, wakikereza mitutu ya mizinga usiku kucha. Anayeeleza ni mmoja wao, wala si bwana mkubwa. Huonyesha mashine, uchovu, hata nyimbo za wakati wa mapumziko, na mtazamaji huondoka akifahamu jinsi chuma kinavyogeuka kuwa mzinga. "Penicillin" ya mwaka 1944 ilieleza habari za dawa hiyo, iliyoanzia katika ukungu alioutambua Fleming mwaka 1928 na kuendelezwa na wataalamu wa Oxford hadi ikamfikia askari aliyejeruhiwa. Mchimba makaa hakuambiwa kwamba mambo hayo yamezidi kimo chake.

Lakini ndugu msomaji, Wizara hiyo hiyo, mwaka ule ule wa 1939, ilianzisha Idara ya Sinema ya Makoloni. Mkuu wake, William Sellers, aliyekuwa mtumishi wa afya Nigeria, alishika shauri kwamba Mwafrika aonyeshwe picha za polepole, jambo moja moja, bila hila za kamera, asije akachanganyikiwa. Ni kweli kwamba asiyewahi kuona sinema huhitaji muda wa kuizoea. Lakini hayo ni ya watu wa kila taifa. Na kazi yao ya mwaka 1940 ilikuwa nini? "Mr. English at Home": seremala wa Kiingereza na jamaa yake, tangu kuamka hata kulala!

Mwaka 1942 Wajapani waliteka nchi za Mashariki zilizotoa nyuzi za kamba, na mkonge wa Tanganyika ukatakiwa kuliko wakati wowote. Waliokwenda kuukata, wengine walikwenda kwa kulazimishwa. Huyo naye alikuwa mfanyakazi wa vita. Dakika tano za kumweleza safari ya uzi wake, kutoka mashine ya korona hadi kamba ya meli, zingalimfaa kuliko kumtazama seremala wa ng'ambo akifungua kinywa.