Minyoo fundo wala faida kabla tenga halijafika sokoni

MNUNUZI wa nyanya katika soko la Mgandini, jijini Tanga, hutazama ukubwa wa tunda, rangi na ugumu wake, kisha hutaja bei. Mizizi haioni. Lakini kwa mkulima wa Maramba, wilayani Mkinga, bei ya tenga hilo huenda ilishakatwa udongoni wiki nyingi kabla ya kuvuna.

Mkataji wa bei hiyo ni minyoo fundo. Mnyoo mchanga ana urefu wa takriban nusu milimita, hivyo haonekani kwa macho shambani. Huingia kwenye ncha ya mzizi, hutulia mahali pamoja na kuzifanya seli zinazomzunguka zivimbe na kumlisha. Mzizi hufanya mafundo, na maji na virutubisho havipandi tena sawasawa. Jike mmoja hutaga mamia ya mayai. Katika udongo wenye joto kama wa Tanga, kizazi kimoja hukamilika kwa wiki tatu hadi nne, kwa hiyo zao moja la nyanya hulea vizazi kadhaa.

Hesabu ya hasara

Mmea ulioshambuliwa hunyauka mchana na kupata nafuu jioni. Majani hugeuka manjano na matunda hubaki madogo. Wengi hudhani ardhi imechoka, wakakimbilia kununua Urea.

Chukua mfano wa mkulima anayetarajia matenga 50, huku gharama zake zikilingana na bei ya matenga 20. Faida yake ni matenga 30. Minyoo wakiondoa matenga 15, mavuno yamepungua kwa asilimia 30 tu, lakini faida imepungua kwa nusu. Akiongeza mbolea isiyofika kwenye majani, nusu iliyobaki nayo huanza kuliwa. Na matunda yakiwa madogo, dalali hushusha bei ya hata yale matenga yaliyopatikana.

Nyanya haziko peke yake. Bamia, biringanya, matango, matikiti, papai, karoti na maharage yote hushambuliwa. Hatari kubwa zaidi iko kwenye pilipili manga, zao la biashara la milima ya Usambara Mashariki. Nyanya huisha kwa msimu, lakini pilipili manga hukaa shambani miaka mingi, na minyoo hukaa nayo. Anayenunua miche iliyooteshwa kwenye udongo mchafu hununua na minyoo humo humo. Machungwa, zao linalozitambulisha Muheza na Mkinga, kwa kawaida hayasumbuliwi sana na minyoo hawa. Yana mnyoo wake mwingine.

Dawa zimepungua

Zamani jibu la mashamba makubwa duniani lilikuwa kufukiza udongo kwa kemikali. Mlango huo umezidi kufungwa. Chini ya Mkataba wa Montreal, nchi zinazoendelea zilitakiwa kuacha methili bromaidi ifikapo 2015, isipokuwa kwa matumizi machache maalumu. Mwaka 2017 kabofurani iliingizwa katika orodha ya Mkataba wa Rotterdam unaosimamia biashara ya kemikali za hatari. Kwa mkulima wa robo ekari, kinga imebaki kuwa nafuu kuliko tiba.

Zipo mbegu chotara za nyanya zenye ukinzani, na baadhi ya pakiti huonyesha hivyo kwa herufi N. Lakini ukinzani huo hulegea joto la udongo likizidi nyuzi 28. Maana yake ni kwamba pakiti ya bei ghali inaweza kulipa msimu wa kipupwe, na ikamwangusha mnunuzi wakati wa kaskazi.

Mzunguko wa mazao ni wa uhakika zaidi, ila si kila zao linafaa. Kubadilisha nyanya kwa bamia ni kuwahamishia minyoo meza. Karanga hustahimili aina zilizoenea zaidi, na huuzika. Marejea nayo hupunguza minyoo na kurutubisha ardhi. Zao hilo lilitangazwa sana kutoka Abasia ya Peramiho, Songea, miaka ya 1980. Mahindi si kinga ya kutegemea, kwa sababu minyoo wanaweza kuzaliana humo bila dalili kubwa.

Kitalu kinaweza kusafishwa kwa jua la kiangazi: udongo ulowanishwe, ufunikwe kwa nailoni angavu, kingo zifukiwe, uachwe wiki nne hadi sita.

Kabla ya kulipa

Kipimo cha kwanza hakihitaji maabara. Mmea uchimbuliwe taratibu kwa jembe, si kuvutwa, kisha mizizi ioshwe. Kwenye maharage uangalifu unatakiwa: vinundu vinavyobanduka kwa urahisi, vyenye wekundu ndani, ni vya bakteria wenye faida. Fundo la minyoo ni uvimbe wa mzizi wenyewe, halibanduki.

Kipimo hicho kina thamani kubwa zaidi siku ya makubaliano. Anayekodi shamba la bondeni achimbue mimea michache ya msimu uliopita kabla ya kutoa fedha, na anayenunua miche apasue kiriba kimoja au viwili. Muuzaji akikataa, bei ya kiriba kimoja ni ndogo kuliko ya msimu mzima.