Jua la Mtemi Lililozaliwa Baharini

Je, wajua kwamba jua lililong'aa kwenye paji la uso au kifua cha mtemi wa Unyamwezi lilikuwa, kabla ya yote, nyumba ya konokono mwenye sumu?

Konokono huyo huishi Bahari ya Hindi, kwenye mchanga na miamba ya matumbawe. Wanasayansi humwita Conus. Gamba lake lina umbo la pia: juu bapa na pana, chini limechongoka. Likikatwa pale juu, kinachobaki mkononi ni kisahani chenye upana wa sentimita chache. Mafundi walikisugua juu ya jiwe mpaka madoa ya nje yakatoka na kikawa cheupe pee. Ukikigeuza upande wa ndani, unaona mstari mmoja unaoanzia katikati na kuzunguka, kila mzunguko mpana kuliko uliotangulia. Hiyo ni kumbukumbu ya ukuaji wa konokono mwenyewe, kwani kila alipokua aliongeza chokaa kwenye mdomo wa gamba huku akizunguka mhimili uleule. Hutobolewa tundu katikati, hupitishwa uzi, na pambo limekamilika.

Pwani, gamba kama hilo liliokotwa maji yakishatoka. Tabora, katika nchi ya Unyamwezi, lilikuwa kitu kingine kabisa, na sababu kubwa ni mwendo uliopo kati ya sehemu hizo mbili. Njia ya misafara kutoka Bagamoyo ilipita Mpwapwa, ikakata mbuga kavu za Ugogo, ikaingia msitu wa miombo hadi Unyanyembe, eneo la Tabora: zaidi ya kilomita 800 kwa miguu. Wasafiri Waingereza Richard Burton na John Hanning Speke waliondoka pwani mwishoni mwa Juni 1857, wakafika Kazeh, Tabora ya leo, tarehe 7 Novemba. Mpagazi wa Kinyamwezi alibeba karibu frasila mbili, yaani kilo 32 hivi, za vitambaa vya merikani na kaniki, shanga au waya wa shaba. Njiani kulikuwa na hongo, yaani ushuru wa njia, ya kulipa kwa kila mtawala mwenye nguvu. Katika safari ya namna hiyo, kitu chepesi kisichooza, kisichovunjika ovyo na kisichopatikana bara kilikuwa mali ya kweli.

Lakini si kila mwenye mali alikivaa kwa maana ileile. Kwa Wanyamwezi na majirani zao Wakimbu na Wasukuma, kisahani hicho kilikuwa miongoni mwa alama za utemi, pamoja na ngozi ya simba. Tembo akiuawa nchini, jino moja lilikuwa haki ya mtemi. Simba akiuawa, ngozi ilipelekwa kwake. Padri Aylward Shorter, aliyetafiti historia ya Wakimbu kusini mwa Tabora na kuchapisha kitabu kuhusu watemi wao mwaka 1972, ni mmoja wa waliolihusisha gamba hili na jua.

Na jua la Tabora si la kuchezea. Mji uko kiasi cha nyuzi 5 kusini mwa Ikweta, kwenye uwanda wa juu wa mita 1,200 hivi. Mara mbili kwa mwaka, mwanzoni mwa Machi na mwanzoni mwa Oktoba, jua hupita utosini kabisa. Simika fimbo uani siku hizo, kati ya saa sita na nusu na saa saba mchana, na utaona kivuli chake kikitoweka. Oktoba ndio mwezi mgumu: miombo imekauka, visima vimeshuka, na mvua za Novemba bado zinasubiriwa. Macho yote yalimwelekea mtemi, kwa kuwa yeye ndiye aliyebeba dhamana ya mvua na mavuno, akisaidiwa na waganga wake. Mvua ikigoma, lawama zilimfikia yeye. Kwa hiyo aliyevaa jua alivaa pia deni, kwa sababu kinachoivisha mtama ndicho hicho hicho kinachoukausha.

Hapo ndipo jua hili linapotofautiana na jua jingine linalofahamika sana katika mambo ya alama, lile la karata za taroti. Karata hizo zilianza kama mchezo kaskazini mwa Italia katika karne ya 15. Kuzitumia kwa kupiga ramli kulishika kasi Ufaransa katika karne ya 18. Toleo maarufu kuliko yote lilitoka London mwaka 1909, likachorwa na Pamela Colman Smith kwa maelekezo ya Arthur Edward Waite. Karata ya 19 ni Jua: mtoto mdogo aliye uchi amepanda farasi mweupe, nyuma yake alizeti zinachungulia juu ya ukuta, na bendera kubwa nyekundu inapepea. Wasomaji wa karata huitafsiri kuwa ni furaha, mafanikio na mambo kuwa wazi. Ikitoka kichwa chini, wengi husema heri imechelewa tu. Jua hilo lilichorwa katika nchi ya baridi, ambako mwanga mwingi si tatizo la kawaida. Bendera nyekundu ilipepea Tabora pia, lakini iliashiria jambo jingine: ilikuwa ya Sultani wa Zanzibar, ikishikwa na kirangozi aliyetangulia mbele ya msafara.

Thamani ya kisahani iliongezeka kadiri kilivyosonga mbali na bahari. Mmisionari David Livingstone alishuhudia hayo mwaka 1854, alipokuwa mgeni wa chifu Shinte, karibu na mpaka wa leo wa Zambia na Angola. Kabla hawajaagana, Shinte aliingia hemani, akaufunga mlango ili watu wake wasione anavyotapanya mali, akatoa nguoni kipande cha gamba la Conus na kumvika mgeni shingoni, akisema hicho ndicho kithibitisho cha urafiki wao. Livingstone aliandika bei yake: vipande viwili vilimnunua mtumwa, na vitano vilitosha kwa pembe ya ndovu ya thamani ya pauni 10. Magamba ya kuokotwa ufukweni yalikuwa yameingia katika hesabu ya biashara ileile ya watu na pembe iliyoijaza njia ya Tabora.

Biashara hiyo haikuanza na misafara ya karne ya 19. Mwaka 1960, kwenye kilima cha Ingombe Ilede karibu na mto Zambezi, yalifukuliwa makaburi ya matajiri wa karne nyingi nyuma. Miongoni mwa mapambo ya marehemu mmoja kulikuwa na magamba ya Conus, mojawapo limewekewa kibati cha dhahabu.

Kutoka Unyamwezi, watu pia walisafiri na maana zao. Katikati ya karne ya 19 Msiri, mtoto wa wafanyabiashara wa huko, alivuka hadi Katanga, katika Kongo ya leo, na kujenga dola lake Bunkeya, akiuza shaba na pembe. Watu wake ndio wanaojulikana leo kama Bayeke. Kwao gamba hilo huitwa omande, na ni alama ya utawala. Msiri aliuawa kwa risasi tarehe 20 Desemba 1891 na ofisa wa msafara uliotumwa na Mfalme Leopold wa Ubelgiji. Ufalme wa Bayeke, hata hivyo, haukuzikwa naye.

Kilichokiponza kisahani ni wingi. Viwanda vya Ulaya viligundua soko, vikatengeneza vya kuiga vya kaure na kioo, na meli zikavileta kwa maelfu. Utemi wenyewe uliondolewa kisheria Tanganyika mwaka 1963. Mtemi wa Unyanyembe wa wakati huo, Abdallah Fundikira, alikuwa amekwisha kuwa waziri katika serikali ya uhuru. Anayetaka kuona vifaa vya watemi anaweza kufika Makumbusho ya Wasukuma, Bujora, nje kidogo ya Mwanza.

Konokono mwenyewe bado yupo baharini, na siku hizi thamani yake imehamia kwenye sumu. Hujificha mchangani, hurusha jino lenye umbo la mshale na kulidunga windo. Konokono wakubwa ambao magamba yao hufaa kwa visahani hula minyoo. Ndugu yao Conus geographus, anayepatikana pia Afrika Mashariki, huwinda samaki na amekwisha kuua watu, na hakuna dawa ya kuiondoa sumu yake. Kutokana na sumu ya mwingine, Conus magus wa Pasifiki, watafiti walipata ziconotide, dawa iliyoidhinishwa Marekani mwaka 2004 kwa maumivu sugu. Huingizwa kwenye majimaji ya uti wa mgongo, ambako huzuia neva kupeleka habari ya maumivu kwenye ubongo.