Mtoto Aliyewaimbia Wenzake Herufi

Wewe uliyepita darasa la kisomo unaijua taabu ya kuunganisha silabi. Huko Marekani taabu hiyo iliwapata watoto wengi. Walikuwa na miaka 7 hadi 10, shule wanakwenda, lakini kusoma kunawashinda. Tena Kiingereza ni kigumu kuliko Kiswahili, kwani maneno yake mengi hayatamkwi kama yanavyoandikwa.

Mwezi wa Oktoba 1971 kilianza kipindi cha televisheni cha kuwasaidia watoto hao. Kiliitwa The Electric Company. Ndani yake kilikuwamo kikundi cha watoto waimbaji, jina lake Short Circus. Mmoja wao alikuwa Irene Cara, binti wa miaka 12.

Irene alizaliwa mwaka 1959 katika jiji la New York. Baba yake alitoka Puerto Rico, na mama yake alikuwa wa asili ya Kuba. Kazi hii haikuwa ngeni kwake. Alikuwa amekwisha kuimba katika televisheni kwa Kihispania. Mwaka 1968, akiwa na miaka 9 tu, aliigiza jukwaani katika mchezo wa Maggie Flynn.

Basi, kipindi kilifundishaje? Vivuli vya nyuso mbili vilitazamana. Kimoja kilitamka mwanzo wa neno, na herufi zake zikatoka mdomoni. Cha pili kilitamka mwisho wake. Kisha vyote viwili vikasema neno zima. Ni kama mmoja aseme "ka", mwingine aseme "lamu", halafu wote waseme "kalamu". Morgan Freeman, ambaye baadaye alikuwa mwigizaji mashuhuri, aliigiza mtu anayependa kusoma kila kitu chenye maandishi. Nao watoto wa Short Circus waliimba nyimbo za maneno na herufi. Wimbo haukai kichwani kama somo la ubaoni. Huo hukufuata hadi nyumbani.

Irene alikaa humo mwaka mmoja. Mwaka 1980 aliigiza na kuimba katika filamu ya Fame. Mwaka 1984 alipata tuzo ya Oscar, akiwa mmoja wa watunzi wa wimbo wa filamu ya Flashdance.

Sifa alizipata, lakini fedha alizidai mahakamani. Kesi ilichukua miaka. Mwaka 1993 baraza la mahakama lilisema alipwe dola milioni 1.5. Irene alifariki Novemba 2022, akiwa na miaka 63.