Namba tisa aliyeshinda bila namba tisa

Tarehe 7 Mei 1986, mjini Sevilla, fainali ya Klabu Bingwa Ulaya ilikuwa imeingia kipindi cha pili na nyavu zote mbili zimetulia. Barcelona walikuwa kwao Hispania, na majukwaa yalijaa watu wao. Steaua Bucharest, timu ya jeshi la Romania, walikuwa wanacheza bila nahodha wao Tudorel Stoica, aliyefungiwa kwa kadi. Zikiwa zimebaki kama dakika 20 mpira uishe, kocha Emerich Jenei aligeukia benchi lake akamwingiza msaidizi wake uwanjani. Anghel Iordănescu alikuwa ametimiza miaka 36 siku chache tu kabla ya mechi hiyo, na viatu alikuwa ameshavitundika. Alivivaa tena, akaenda kumpokea Lucian Bălan.

Wengi wakiitaja fainali ile humtaja kipa Helmuth Duckadam, aliyeokoa penalti zote nne za Barcelona. Ni haki yake. Steaua nao walikosa mbili za kwanza, kisha Lăcătuș na Balint wakafunga, ikawa 2-0 kwa matuta, na kombe likaenda Ulaya Mashariki kwa mara ya kwanza. Lakini mimi niliyecheza namba tisa nikiwa kijana, na sasa nafundisha vijana hapa Tanga, jicho langu humfuata yule mzee aliyeingia. Hakukimbia sana. Alipopewa mpira aliutuliza, akawapa wenzake nafasi ya kupumua, akaupeleka pale ambapo hapakuwa na hatari. Timu iliyokuwa inaanza kuchoka ikapata mtu wa kuisemesha kutoka ndani.

Mitaani kwetu kuna imani kwamba mshambuliaji hafai kuwa kocha. Husemwa kwamba maisha yake yote amesubiri kuletewa mpira, sasa atajua nini kuhusu kuipanga timu? Beki na kiungo ndio wanaouona mchezo mzima. Nimebishana na watu juu ya jambo hili kwa miaka, na shahidi wangu ni Iordănescu.

Alizaliwa mwaka 1950 mjini Iași, kaskazini mashariki mwa Romania. Alijiunga na Steaua mwaka 1968 akakaa mpaka 1982, na katika msimu wake wa mwisho pale ndiye aliyeongoza kwa mabao kwenye ligi, akiwa na 20. Miaka hiyo ya utawala wa dikteta Ceaușescu, mchezaji hakuhamia nje kwa kutaka mwenyewe. Kwake ruhusa ilikuja alipokuwa na miaka zaidi ya 30, akaenda OFI kule Krete, Ugiriki, kisha akarudi Steaua kuwa msaidizi wa Jenei. Baada ya Sevilla, Jenei akachukua timu ya taifa na Iordănescu akaachiwa mabingwa wa Ulaya.

Kukabidhiwa bingwa ni kazi ngumu kuliko inavyoonekana, maana ukishinda sifa ni za aliyekutangulia. Yeye alitwaa Super Cup ya Ulaya mapema mwaka 1987 kwa kuifunga Dynamo Kyiv 1-0, bao la Gheorghe Hagi, kijana aliyekuwa ndiyo kwanza ametua klabuni. Akachukua ubingwa wa ligi mara tatu mfululizo. Mwaka 1989 akaifikisha Steaua fainali nyingine ya Ulaya, na hapo Milan ya Gullit na Van Basten ikawafunga 4-0, kila mmoja wao akitia mabao mawili.

Katikati ya mwaka 1993 Romania walikuwa wamefungwa 5-2 na Czechoslovakia, kocha akafukuzwa, na safari ya Kombe la Dunia ikawa mashakani. Iordănescu akaitwa. Mechi ya mwisho ya kufuzu ilichezwa Cardiff, Novemba mwaka huo, matokeo yakiwa 1-1. Wales wakapewa penalti. Paul Bodin akaipiga, ikagonga mtambaa wa panya. Baadaye Florin Răducioiu akafunga la pili na Romania wakakata tiketi ya Marekani.

Sasa tufike Pasadena, tarehe 3 Julai 1994, hatua ya 16 bora dhidi ya Argentina. Mechi hii nimeiangalia kwanza kwa kanda ya video, na siku hizi naiangalia kwa simu, na bado inanipa raha ileile. Argentina hawakuwa na Maradona, aliyeondolewa kwa kukutwa na dawa zilizokatazwa. Romania nao hawakuwa na Răducioiu, mshambuliaji wao wa kati, mwenye kadi mbili za njano. Kocha wa kawaida angemtafuta namba tisa mwingine kwenye benchi, hata kama ni wa kiwango cha chini, ili nafasi isibaki wazi. Iordănescu aliiacha wazi. Alimsogeza mbele Ilie Dumitrescu, mtu wa kutokea pembeni, akampa Hagi uhuru wa kuelea upande wa kulia, na nyuma yao akaweka watu wa kukaba na kuachia mpira haraka.

Ni wazo la mtu aliyewahi kuwa mshambuliaji. Beki wa kati anapenda kuwa na mtu wa kumgusa. Akimhisi mgongoni au kifuani, anajua kazi yake. Mwondolee mtu huyo, na hajui tena asimame wapi: akipanda anaacha uwazi nyuma, akibaki anakuwa mtazamaji. Mshambuliaji aliyekabwa miaka 15 analijua hilo kwenye mbavu zake.

Dakika ya 11 Dumitrescu alipiga mpira wa adhabu kutoka kushoto, ukapinda ukampita kipa Islas. Batistuta akasawazisha kwa penalti. Dakika mbili hazikupita, Hagi akapenyeza pasi kutoka kulia katikati ya mabeki, na Dumitrescu akawa amefika pale ambapo namba tisa angekuwepo. Kipindi cha pili wakabadilishana kazi: Dumitrescu akauchukua mpira kwenye shambulizi la kushtukiza, akasubiri, akamtengea Hagi, naye akafunga. Balbo akapunguza kuwa 3-2, lakini Argentina wakaenda nyumbani. Kwangu huo ndio upangaji bora zaidi wa timu katika fainali zile, na siuondoi hata ule wa Brazil waliochukua kombe.

Wiki moja baadaye Sweden waliwatoa kwa penalti, baada ya sare ya 2-2, katika robo fainali. Kombe la Dunia la 1998 Romania waliifunga Uingereza 2-1 na kuongoza kundi, kisha Croatia wakawatoa. Euro 1996, katikati ya mafanikio hayo, walipoteza mechi zote tatu.

Ndugu zetu walioko Ghuba wanamjua kwa sura nyingine. Al-Hilal ya Riyadh ilitwaa ubingwa wa klabu za Asia mwaka 2000 chini yake, na Al-Ittihad ya Jeddah mwaka 2005. Desemba mwaka huo Al-Ittihad hao wakaenda Japan kwenye klabu bingwa ya dunia wakawafunga Al Ahly ya Misri, mabingwa wa Afrika, 1-0.

Jeshi la Romania lilimpa cheo cha jenerali, na baadaye alikaa bungeni akiwa seneta. Mwaka 2014, akiwa na miaka 64, akarudishwa timu ya taifa na kuifikisha Euro 2016 bila kufungwa katika mechi za kufuzu. Huko Ufaransa walipata sare moja tu wakatolewa mapema, na hapo akaondoka.

Wewe unayefundisha vijana, au unayetaka kufundisha, itafute ile mechi ya Pasadena nzima, usiishie kwenye mabao. Angalia nusu saa ya kwanza bila kuufuata mpira. Mfuate Dumitrescu, uone anasimama wapi Romania wasipokuwa na mpira, kisha uwaangalie mabeki wa Argentina wanavyotazamana.