Motimoti hayupo Uluguru

Motimoti ni ndege wa Amerika. Jamii yake yote, spishi zipatazo 14, huishi kuanzia Meksiko hadi kaskazini mwa Argentina, na hakuna hata mmoja aliye mwenyeji wa Afrika. Hata hivyo, swali ni lilelile kila watu wanaposhuka Morogoro kutoka Morningside au Bondwa, juu kwenye milima ya Uluguru, na picha kwenye simu: ndege wa kijani, ana mkia mrefu, programu imesema ni motimoti, je, ni kweli? Si kweli, na picha ya pili na ya tatu hazitabadili jibu.

Tanzania, anayemkaribia motimoti kwa mkia ni chole mwenye mkia wa vijiko, Coracias spatulatus. Huyo naye ni ndege wa miombo, upande wa Mikumi, wala si wa msitu wa ukungu. Tofauti yao inaonekana wazi. Kwa motimoti, yanayorefuka ni manyoya mawili ya katikati ya mkia, na vijiko vya nchani hutokea baada ya nyuzi dhaifu zilizo juu yake kupukutika. Kwa chole, yanayorefuka ni manyoya ya pembeni kabisa. Aliyeutazama mkia kwa makini hawezi kuwachanganya. Lakini wengi hawautazami mkia, hutazama rangi.

Hapo ndipo penye kosa: imani kwamba rangi ndilo jina la ndege. Imani hii imeota mizizi hata kwa watu waliosoma. Samawati ya chole haimo ndani ya unyoya kama rangi ilivyo ndani ya kitenge. Kuna vitundu vya hewa visivyoonekana kwa macho, vinavyotawanya mwanga na kurudisha zaidi sehemu yake ya buluu. Anayetaka kuhakikisha na achukue unyoya wa chole ulioanguka shambani. Mwanga ukiupiga kwa mbele, unameta samawati. Ukiinuliwa dirishani ili mwanga upite kwa nyuma, unabaki na ukahawia uliofifia. Ukisagwa, samawati inapotea na kinachobaki ni unga wa kahawia. Rangi ya namna hiyo inategemea jua liko wapi na mtazamaji amesimama wapi. Chini ya miti ya Uluguru, ambako mwanga hufika umechujwa na majani na ukungu, haitegemeki hata kidogo. Chozi wa Loveridge, aliyetambulishwa kwa wanasayansi mwaka 1922 na asiyepatikana popote nje ya milima hii, ana kichwa kinachometa kijani juani. Kivulini kichwa hichohicho ni cheusi.

Shorobo wa Livingstone anaonyesha udhaifu huo wa rangi kwa njia nyingine. Akitulia tawini ni kijani kitupu, na kishungi chake chenye ncha nyeupe kimesimama. Akiruka, mabawa yanafunguka mekundu kama damu, na mtazamaji asiye makini anaandika ndege wawili. Wekundu huo, tofauti na samawati ya chole, ni rangi halisi yenye madini ya shaba. Huyeyuka kwenye maji yenye magadi, si kwenye maji ya mvua, kwa hiyo hadithi kwamba mvua humchujua shorobo iachwe.

Mfano mzito zaidi ni wa kipwe wa Uluguru, Malaconotus alius, aliyeelezwa mwaka 1927. Hapatikani kwingine duniani na yumo katika orodha ya ndege walio hatarini kutoweka. Mgongo wake ni kijani, tumbo ni manjano. Kubwiro mwenye kichwa cha kijani naye ana mgongo kijani na tumbo manjano, na wote wawili hukaa juu kabisa kwenye vilele vya miti ya msitu huohuo. Anayetambua kwa rangi atamwita kubwiro kipwe na kuondoka na furaha yake, na taarifa hiyo ikiingia kwenye kumbukumbu inapotosha hesabu ya ndege ambaye kila mmoja wake ana thamani. Mdomo unamaliza ubishi: wa kubwiro ni mwekundu na mwembamba, wa kipwe ni mweusi, mnene, wenye ncha iliyopinda, chini ya utosi mweusi unaong'aa.

Basi utaratibu ni huu. Kwanza mahali: mwinuko, ndani ya msitu au ukingoni, juu au chini ya mti. Kisha mkao: trogoni, ndege mwingine wa kijani, hukaa wima bila kutikisika, akigeuza kichwa polepole, shorobo hukimbia juu ya matawi. Kisha mkia kwa upande wa chini: ukiwa na mistari mingi myeupe na myeusi, huyo ni trogoni wa misitu ya juu, ukiwa mweupe usio na mistari, ni trogoni Narina. Sauti irekodiwe kwa simu, lakini kipwe asichezewe rekodi ili ajitokeze. Programu ya simu iwekewe nchi, Tanzania, kabla ya kuulizwa lolote. Darubini ya kukuza mara 8 inatosha. Kibali cha kuingia hifadhi ya mazingira asilia hutolewa na Wakala wa Huduma za Misitu, na mwongozaji Mluguru anayezijua sauti za msitu wake atamwonyesha mgeni ndege wengi kuliko programu yoyote. Rangi iandikwe mwisho, pamoja na saa na hali ya mwanga.